Ahmedabad: wafalme walipita, duka halikufungwa

Wazee wangu, mabibi na mabwana, na nyinyi vijana mliokosa viti mkasimama huko nyuma,

Mwaka 1618 mfalme Jahangir wa dola ya Mughal alikuwa Ahmedabad, katika Gujarat, magharibi ya India, na homa ikamlaza. Hakuwa ameupenda mji ule hata kabla ya kuugua. Katika kumbukumbu zake alishangaa mwanzilishi wa mji aliona uzuri gani katika ardhi ile ya mchanga, yenye maji mabaya na vumbi lisilokwisha. Akatafakari aupe jina gani: makao ya samumu, yaani ule upepo wa moto, makao ya wagonjwa, shamba la zakumu, ule mti wa motoni, au Jahannamabad. Hilo la mwisho halihitaji tafsiri mbele ya hadhira hii.

Nimeyaanza mazungumzo na matusi hayo makusudi, kwa kuwa mfalme hakusema uongo. Mwezi wa Mei joto la Ahmedabad hupita nyuzi 40. Mto wake, Sabarmati, kwa maumbile yake ulikuwa mchanga mtupu sehemu kubwa ya mwaka. Mji hauna bandari. Uliitegemea Khambhat, na Khambhat nayo ikaja kujaa matope. Hauna dhahabu wala mawe ya thamani chini ya ardhi yake. Hata hivyo umeishi zaidi ya miaka 600. Umetawaliwa na masultani, na Mughal, na Wamaratha, na Waingereza, kisha na jamhuri, na kila aliyeingia aliukuta una pesa. Mimi nadhani ni kwa sababu mji ule haukuwahi kuwa wa wafalme. Wafalme walikuwa wapangaji. Wenye nyumba walikuwa wafanyabiashara wa nguo, wakopeshaji, masonara, na wale wafumaji waliowatajirisha.

Hata hivyo sultani lazima apewe haki yake. Kabla yake palikuwa na kijiji cha Ashaval, cha watu wa jamii ya Bhil, na karne ya 11 mfalme Karna wa ukoo wa Solanki alimshinda mkuu wao akaweka makazi yaliyoitwa Karnavati. Mwaka 1411 Sultan Ahmad Shah wa Kwanza akaleta makao makuu yake hapo kutoka Patan. Wenyeji wanasimulia kwamba alimwona sungura akimgeukia mbwa wa mawindo na kumkimbiza, akasema ardhi inayompa sungura ujasiri kama huo ndiyo ya kujenga. Wanasimulia pia kwamba uzi wa kupimia ulishikwa na watu wanne, wote wakiitwa Ahmad, ambao hawajawahi kukosa sala ya Alasiri hata mara moja. Sultani mwenyewe alikuwa mmoja wao, na mwingine alikuwa Sheikh Ahmad Khattu, walii aliyezikwa Sarkhej.

Kuna hadithi ya tatu, na kwangu hii ndiyo tamu zaidi. Palikuwa na mchamungu wa Kihindu, Maneknath, ambaye hakuulizwa kuhusu ujenzi huo. Mchana mafundi walijenga ukuta, naye akasuka mkeka. Usiku akaufumua mkeka, na ukuta ukaanguka. Ikawa hivyo kila siku mpaka walipopatana naye. Ukienda leo utakuta uwanja mkuu wa soko unaitwa Manek Chowk na mnara wa ngome unaitwa Manek Burj, yote kwa jina lake. Sisemi yalitokea. Nasema watu wa mji ule, walipotaka kujieleza wenyewe, walitunga hadithi ambayo sultani analazimika kufanya mapatano na msukaji.

Majengo ya kisultani yanaeleza jambo hilohilo kwa mawe. Msikiti wa Ijumaa uliokamilika mwaka 1424 una nguzo zipatazo 260, na fundi aliyezichonga alikuwa na mkono uliozoea mahekalu ya Kihindu na ya Kijaini, ile dini ya India inayokataza kudhuru kiumbe chochote. Mimea, kengele na minyororo iliyochongwa humo ungeikuta pia katika hekalu la jirani. Baadhi ya mawe yenyewe yalitoka katika mahekalu yaliyobomolewa, na hilo nalo lisemwe bila kuzungukazunguka. Minara yake mikubwa iliangushwa na tetemeko la mwaka 1819. Ukuta wa kuuzunguka mji, karibu kilomita 10 wenye milango 12, uliimarishwa na Sultan Mahmud Begada mwishoni mwa karne ya 15.

Sasa nifike kwenye jengo linalotuhusu sisi watu wa upande huu wa bahari. Karibu na ngome ya Bhadra kuna msikiti mdogo uliojengwa mwaka 1572 hadi 1573, wakati ule ule majeshi ya Akbar, mfalme wa Mughal, yalipokuwa yakiufuta usultani wa Gujarat. Aliyeujenga ni Sidi Saiyyed, Mhabeshi. Wakati huo Wahabeshi katika Gujarat hawakuwa wachache wala hawakuwa wote wanyonge. Wengi waliletwa kama watumwa, wakawa askari, na baadhi wakapanda mpaka kuwa majemadari wenye majeshi na mapato yao. Sidi Saiyyed alikuwa chini ya mmoja wao.

Madirisha ya msikiti ule ni ya jiwe lililotobolewa kwa namna ambayo picha haikuandai. Moja lina mti ambao matawi yake yanazungukana na mtende, jiwe limekonda mpaka unadhani ni lesi. Waingereza walipoutawala mji waliugeuza msikiti huo kuwa ofisi ya serikali. Leo mchoro wa dirisha lile uko kila mahali mjini, na chuo maarufu cha usimamizi cha Ahmedabad kimeuchukua kama nembo yake. Kwa hiyo alama ya mji mkubwa kabisa wa Gujarat ni kazi iliyoagizwa na mtu mwenye asili ya Afrika. Na si Wahindi wote wanaoipita kila asubuhi wanaolijua hilo.

Uhusiano wa bahari haukuwa wa upande mmoja. Wareno walioandika mwanzoni mwa karne ya 16 waliwakuta wafanyabiashara wa Kilwa, Mombasa, Malindi na Mogadishu wakihusiana na Khambhat, na wakaona vitambaa na shanga za Gujarat katika miji yetu. Shanga zile nyekundu za akiki zinachimbuliwa mpaka leo katika magofu ya pwani. Khambhat ilikuwa mlango. Nguo nyingi zilizopita mlangoni hapo zilifumwa au kutiwa rangi Ahmedabad na vijiji vyake.

Turudi kwa wenye nyumba. Chini ya Mughal aliishi Shantidas, sonara wa Kijaini, muuzaji wa vito kwa kasri la mfalme na mkopeshaji wa wakuu. Alijenga hekalu zuri nje ya ukuta, Saraspur. Mwaka 1645 Aurangzeb, akiwa bado mwanamfalme na gavana wa Gujarat, aliligeuza hekalu lile kuwa msikiti. Shantidas hakuinua upanga, kwani hakuwa nao. Alipeleka malalamiko kwa baba mtu, Shah Jahan, na amri ikatoka kwamba mahali pale parudishwe kwa mwenyewe. Baadaye wana wa Shah Jahan walipogombea kiti, mmoja wao, Murad Baksh, alikopa kwa ukoo wa Shantidas fedha za vita. Murad alishindwa na kufungwa. Na Aurangzeb, yuleyule wa Saraspur, alipokalia kiti aliamuru deni lile lilipwe. Mtawala anaweza kuichukia dini ya mkopeshaji, lakini kesho atahitaji kukopa tena.

Mwaka 1725 jeshi la Wamaratha lilikuwa tayari kuupora mji. Mjukuu wa Shantidas, Khushalchand, alitoka kwenda kuzungumza nao na akalipa fidia kutoka mfukoni mwake. Mji ukasalimika. Vyama vya wafanyabiashara, Wahindu na Waislamu pamoja, vikakubaliana kwamba ukoo wake utapata sehemu ndogo ya ushuru wa bidhaa zinazopita mjini, kizazi baada ya kizazi. Tazameni shukrani ile ilivyo. Hawakumjengea mnara. Walimwandikia asilimia.

Vyama hivyo vinaitwa mahajan. Kila biashara ilikuwa na chake, vikapanga bei, likizo, ubora wa bidhaa, na adhabu kwa mdanganyifu. Juu yao alikuwepo nagarsheth, mkuu wa matajiri wa mji, cheo kilichokaa katika ukoo wa Shantidas. Dola ya Mughal iliporomoka, Wamaratha wakaugawana mji wakatoza kodi mpaka watu wakahama, Waingereza wakaingia mwaka 1817. Katika vurugu zote hizo mahajan waliendelea kufungua daftari asubuhi.

Na waliishi wapi? Katika pol. Nadhani wakazi wa Mji Mkongwe wataielewa pol kwa haraka kuliko msomi yeyote wa Ulaya. Ni kichochoro chenye lango moja, pengine mawili, linalofungwa usiku, na nyuma yake nyumba zilizobanana za watu wa kabila moja, dini moja au kazi moja. Nyumba ni za mbao za msaji zilizochongwa, na matofali. Mbele ya kila nyumba kuna baraza ya kukaa. Ndani kuna ua, na chini ya ua birika la kuhifadhi maji ya mvua kutoka paani, kwa kuwa visima vya mji vilikuwa na maji ya chumvi. Pol nyingi zina nguzo ndefu yenye kibanda juu, cha kulishia ndege. Hiyo ni imani ya Wajaini iliyogeuka kuwa samani ya mtaa. Baadhi zina njia za siri kutoka pol moja hadi nyingine. Zimehesabiwa kwa mamia.

Wanaoisifu pol husema ni udugu: watoto wanalelewa na kichochoro kizima, mgeni anaulizwa anamtafuta nani kabla hajapiga hatua ya tatu. Kweli kabisa. Lakini lango linalokulinda ndilo linalomwambia mwingine asiingie. Mji huu ulijifunza mapema kufanya biashara na kila mtu sokoni na kulala na watu wako tu nyumbani. Kwa karne nyingi mpango huo ulifanya kazi. Tutaona ulipoharibika.

Karne ya 19 ilileta mvuke. Ranchhodlal Chhotalal, karani wa zamani wa serikali, aliagiza mashine za kiwanda cha nguo kutoka Uingereza. Shehena ya kwanza ilipotea baharini. Ya pili ilishuka Khambhat ikavutwa kwa magari ya ng'ombe mpaka Ahmedabad, maana reli ya Bombay ilifika mwaka 1864 tu. Kiwanda kikaanza kazi mwaka 1861. Angalieni hapa tofauti na Calcutta: mtaji haukuwa wa Waingereza. Ulikuwa wa familia zilezile za Kijaini na Kihindu za ndani ya ukuta, zilizotoa fedha kutoka kwenye ukopeshaji na biashara ya afyuni zikaziweka kwenye mashine. Moshi ukajaa mashariki ya mji, na katika karne ya 20 viwanda vikapita 60. Watu wakauita Manchester ya India. Wafumaji Waislamu na wasokotaji wa tabaka lililobaguliwa na Wahindu wenzao walipanga mabweni kando ya kuta za viwanda. Upande wa magharibi, ng'ambo ya daraja la chuma la Ellis lililofunguliwa mwaka 1892, matajiri wakaanza kujenga nyumba zenye bustani. Ukuta haukuwa tena mpaka wa mji. Mto ukawa.

Mwaka 1915 akaja Gandhi kutoka Afrika Kusini. Alichagua Ahmedabad kwa hesabu iliyo wazi: yeye ni Mgujarati, mji ni kituo cha kale cha kufuma kwa mkono, na una matajiri wanaoweza kuchangia. Hakuficha sababu hiyo ya tatu. Alipoipokea katika makazi yake familia ya watu walioitwa wasiogusika, wa lile tabaka lililobaguliwa, wafadhili wakakata misaada. Mtu mmoja akafika na gari, akamkabidhi rupia 13,000, akaondoka. Alikuwa Ambalal Sarabhai, mwenye viwanda.

Miaka mitatu baadaye Gandhi alimgomea mtu huyohuyo. Mwaka 1917 tauni iliingia mjini, na wenye viwanda wakawapa wafumaji bonasi kubwa ili wasikimbie. Ugonjwa ulipopungua, bonasi ikaondolewa, na huku bei za vita zimepanda. Wafanyakazi wakataka nyongeza ya asilimia 35. Wenye viwanda wakatoa 20. Aliyewaongoza wafanyakazi pamoja na Gandhi alikuwa Anasuya Sarabhai, dada yake Ambalal, na inasimuliwa kwamba kaka na dada waliendelea kula meza moja wakati mgomo ukiendelea. Wafanyakazi walikusanyika kila jioni chini ya mti kando ya Sabarmati. Walipoanza kulegea kwa njaa, Gandhi akafunga kula. Siku ya tatu mapatano yakapatikana, nayo ni haya: siku ya kwanza ya kazi watalipwa nyongeza ya asilimia 35, kiapo chao kisivunjike, siku ya pili asilimia 20, wenye viwanda nao wasiaibike, kuanzia ya tatu asilimia 27 na nusu, mpaka mwamuzi aseme. Mwamuzi baadaye akasema 35.

Wapo wanaoyacheka mapatano hayo. Mimi siyacheki. Ni sokoni kabisa, na ndiyo akili ya Ahmedabad: kila upande unapewa kitu cha kurudi nacho nyumbani. Chama cha wafanyakazi kilichozaliwa mwaka 1920 kilichukua jina lilelile la matajiri, Majoor Mahajan. Na kwa miaka 50 kilitatua migogoro mezani, huku viwanda vya Bombay vikigoma na kugoma tena. Safari ya chumvi ya Machi 1930 iliyotoka katika makazi ya Sabarmati mnaijua shuleni, siirudii.

Baada ya uhuru pesa za pamba zilijenga elimu. Familia za viwanda zilimwita Le Corbusier, msanifu majengo mashuhuri wa Ulaya, akawajengea ukumbi wa chama chao mwaka 1954 na majengo mengine matatu. Vikram Sarabhai, mtoto wa Ambalal, alianzisha maabara ya fizikia mwaka 1947, na mpango wa India wa anga za juu ukachipukia humo. Louis Kahn, msanifu majengo wa Marekani, alichora chuo cha usimamizi kwa matofali mekundu, na mwaka 1974 alifariki New York akirejea kutoka Ahmedabad.

Kisha ule mpango wa kuuza pamoja na kulala mbalimbali ukapasuka. Viwanda ndivyo vilikuwa mahali pekee ambapo Mwislamu na Mhindu walishika uzi mmoja mchana kutwa. Katika miaka ya 1980 na 1990 vilifungwa kimoja baada ya kingine, vikishindwa na mashine za umeme za karakana ndogo na nyuzi za viwandani zisizo za pamba, na makumi ya maelfu wakarudi nyumbani. Ghasia kati ya Wahindu na Waislamu hazikuanza hapo. Mwaka 1969 mamia waliuawa. Lakini sasa hapakuwa tena na kiwanda cha kuwarudisha watu pamoja Jumatatu. Mwishoni mwa Februari 2002 treni iliungua Godhra, wakafa watu 59, wengi wao mahujaji wa Kihindu. Ghasia zilizofuata katika Gujarat ziliua zaidi ya watu 1,000, wengi wao Waislamu. Katika Ahmedabad majina ya Naroda Patiya na Gulbarg Society yamebaki kuwa majina ya mauaji. Waislamu wa kila hali, wakiwemo mahakimu na madaktari, walihamia Juhapura, upande wa kusini magharibi. Sheria ya jimbo inataka muuzaji wa nyumba katika maeneo yaliyotangazwa kuwa ya ghasia apate kwanza kibali cha serikali. Iliwekwa ili watu wasilazimishwe kuuza kwa hofu. Kwa vitendo imekuwa lango la pol, ila sasa limefungwa kwa muhuri.

Nani alirithi akili ya mahajan? Kwa maoni yangu ni wanawake. Mwaka 1972 Ela Bhatt, mwanasheria katika chama kile cha wafanyakazi, aliwaandikisha wapagazi wa kike wa soko la nguo, wachuuzi wa mboga na wauza nguo kuukuu wa Manek Chowk, watu ambao sheria haikuwatambua kama wafanyakazi. Chama chao kinaitwa SEWA, yaani chama cha wanawake waliojiajiri. Mwaka 1974 wakafungua benki yao. Mwaka 1981 chama mama kikawafukuza, nao wakaendelea.

Mji wenyewe umehamia magharibi. Sensa ya 2011 ilihesabu zaidi ya watu milioni 5.5. Sabarmati sasa unaonekana umejaa mwaka mzima, kwa maji ya mfereji wa mto Narmada, na kingo zake zimesakafiwa kuwa matembezi ya zege kwa zaidi ya kilomita 10. Pazuri kwa jioni. Maelfu ya familia zilizoishi kwenye kingo hizo zilihamishiwa mbali. Wanasiasa kila baada ya muda hutaka jina lirudi kuwa Karnavati. Wenyeji wa pol, kwa Kigujarati chao, wanasema Amdavad na kuendelea na shughuli.

Julai 2017 UNESCO iliuandika mji wa ndani ya ukuta kuwa wa kwanza nchini India kuingia orodha ya urithi wa dunia kama mji. Sisi Zanzibar tuliingia mwaka 2000, Lamu mwaka 2001, tunajua cheti kile hakizibi paa linalovuja. Familia zenye uwezo zimevuka mto. Hurudi tarehe 14 Januari, sikukuu ya Uttarayan, kurusha vishada juu ya mapaa ya wazee wao, na wasio na paa hukodisha. Siku nyingine nyumba ni ghala, au karakana ya sonara, au hamna mtu.

Ndiyo maana mpango unaonivutia zaidi si wa wasomi wa urithi. Halmashauri ya mji imempa mwenye nyumba ya kale haki ya kuuza kile ambacho hawezi kukijenga. Haruhusiwi kuongeza ghorofa juu ya nyumba ya babu yake. Basi eneo la ghorofa hizo linaandikwa kwenye hati, na mkandarasi wa ng'ambo ya mto analinunua ili aongeze ghorofa zake huko. Fedha zinakuja kuukarabati msaji. Mnaotoka halmashauri ya hapa, na nawaona mstari wa mbele, naomba maswali yaanze kwenu: jambo kama hilo kwetu lingezuiwa na nini?

Ahsanteni.